Tangi Alilojaza Mara Moja

Mume wangu hakuwahi kuhesabu petroli kwa lita. Aliihesabu kwa miji. Akiweka kidogo pale Litein siku ya soko, alirudi kwenye usukani, akavuta ule mlango unaotaka kuvutwa kwa nguvu, akasema, "Sasa tuna Kericho." Maana yake ni kwamba ndani ya tangi kulikuwa na petroli ya kutufikisha Kericho. Ikizidi kidogo alisema, "Tuna Kericho na kurudi." Ikiwa haba alisema, "Tuna kanisa," nasi tukajua kwamba Jumapili tutapanda gari kwenda ibadani, na kurudi ni majaliwa.

Watoto walikua na lugha hiyo. Binti yetu alipokuwa mdogo na akanyimwa uji wa pili asubuhi, alishika tumbo akasema, "Lakini mimi nina geti tu, sina shule." Alipewa.

Gari lenyewe ni steshen wagoni jeupe, la zamani, lililokuja kwetu likiwa limekwisha kuchoshwa na wengine. Viti vya nyuma hukunjwa, kwa hivyo limebeba magunia ya majani chai, ndama, mabati, na wanakwaya wengi kuliko inavyoruhusiwa. Lina geji ya petroli kama magari yote, ila mshale wake ulikwama juu kidogo ya nusu siku tulipogonga jiwe kwenye barabara ya mtoni. Fundi alieleza kwamba ndani ya tangi kuna kitu kinachoelea kama kile boya la tangi la maji, na hicho ndicho kilichokwama. Kukifikia ni lazima tangi lishushwe. Mume wangu alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akasema mshale unaosema nusu kila siku ni afadhali kuliko mshale unaoleta habari mbaya. Ukabaki hivyo hivyo. Mvua ije, kiangazi kije, gari letu lilikuwa na nusu tangi.

Na hakuna mtu nyumbani aliyejua tangi hilo ni kubwa kiasi gani, kwa sababu halikuwahi kujazwa. Kwetu mtu hajazi tangi. Anaweka ya safari anayokwenda, na nyingine ataiweka atakapokuwa na safari nyingine. Mtu akijaza, majirani humuuliza anahama lini.

Alilijaza mara moja tu. Ilikuwa asubuhi tuliyompeleka hospitali kule Kaplong, mvua za mwanzo zikiwa zimeanza. Ndugu yake ndiye aliyeendesha, yeye mwenyewe ameketi kando yake na blanketi magotini, mimi nyuma. Tulisimama Litein kuweka kidogo kama kawaida. Yule kijana wa pampu akauliza, "Ngapi, mzee?" Ndugu yake akaanza kujibu, lakini yeye akatangulia.

"Jaza."

Ndugu yake akamgeukia. "Unajaza kwenda Kaplong? Kaplong ni hapo tu."

"Mtaenda na kurudi, na kuja kuniona, na kurudi tena. Sitaki mtu akose kuja kwa sababu ya petroli. Jaza."

Pampu ikalia kwa muda mrefu. Tulikuwa hatujazoea kuisikia ikilia namna hiyo. Ilipokata yenyewe, mume wangu alinyoosha mkono mpaka upande wa dereva akabonyeza kile kidude kilicho chini ya saa ya mwendo, kinachorudisha hesabu ndogo ya kilomita kwenye sufuri. Akaegemea kiti, akatabasamu kidogo.

"Sasa tutajua linafika wapi," akasema.

Hakurudi nyumbani. Alikaa hospitalini siku chache tu, akatuacha. Hatukuwa tumeenda na kurudi mara nyingi kama alivyodhani.

Tulimzika chini ya shamba la chai, mahali alipochagua mwenyewe kwa sababu kuna upepo. Mimi si mtu wa kulia kwa sauti. Baadhi ya wanawake waliokuja walinitazama kwa pembe ya jicho, wakitafuta machozi, na siwalaumu. Nilipika chai, nikaosha vikombe, nikapika tena. Gari lilikaa kando ya zizi, limefunikwa turubai, na kuku wakaanza kutaga chini yake.

Siku nilipolitoa turubai, miezi miwili baadaye, ilikuwa ni kwa sababu mama mkwe wangu alitaka kwenda kliniki ya macho. Tunamwita kogo, yaani bibi, hata mimi ninamwita hivyo kwa sababu ya watoto. Kuendesha ninajua. Mume wangu alinifundisha kwenye zile barabara zilizonyooka kati ya mashamba makubwa ya chai, na leseni nilipata, ingawa shule yangu iliishia darasa la nane na yale maswali ya alama za barabara yalinitoa jasho. Niliwasha. Gari likakohoa, likakataa, likakohoa tena, likakubali. Nikasikia ile harufu ya petroli inayoingia ndani linapowaka baridi. Ndipo wazo lilipokuja, bila kubisha hodi. Petroli hii inayoungua ni aliyoiweka yeye.

Nilitazama ile hesabu ndogo ya kilomita. Ilikuwa imesimama pale ilipokuwa tulipomrudisha kuzikwa. Ilikuwa bado ndogo sana. Petroli ilikuwa bado karibu yote.

Sasa nieleze lililokuwa mbele yetu. Kijana wetu wa kwanza alikuwa amepata mchumba upande wa Longisa, ng'ambo ya Bomet, na wazee walikuwa wamekubaliana kwamba koito itakuwa mwezi wa nane. Koito ni ile siku ukoo wa mwanamume unapokwenda kwa kina msichana kukubaliana juu ya ng'ombe. Mume wangu ndiye angetangulia. Alikuwa amekwisha kununua kofia. Nami, nikiwa nimeshika usukani kando ya zizi, kuku wakipiga kelele, nilitaka jambo moja ambalo sikumwambia mtu. Nilitaka petroli yake ndiyo itufikishe Longisa. Hakuweza kwenda mwenyewe, basi angalau atuendeshe. Nilijua ni wazo la kipuuzi. Nililishika hata hivyo.

Ilibidi nijue tangi linafika wapi. Nilimngoja binti yangu, ambaye sasa anasoma chuo kikuu cha Kabianga, aje nyumbani mwisho wa juma. Tulikuwa tukichambua maharagwe.

"Tangi la gari letu ni kubwa namna gani?" nikamuuliza.

Akatoa simu. "Lita hamsini."

"Nani amekuambia?"

"Imeandikwa hapa."

"Huyo aliyeandika amewahi kuona gari letu?"

"Mama, ameona za aina yake. Tangi zote ni sawa. Lita moja inaenda kama kilomita kumi na mbili. Zidisha na hamsini." Akabonyeza. "Mia sita."

"Mia sita ni wapi?"

Akafikiri. "Kutoka hapa? Ni kama Voi."

"Sina mtu Voi."

Alicheka mpaka maharagwe yakamwagika. Kisha akanieleza vizuri, na huwa anaeleza vizuri, angekuwa mwalimu. Alisema hiyo mia sita ni ya barabara tambarare, mtu mmoja ndani, mwendo mmoja, bila haraka. Hapa kwetu ni kupanda mlima na kushuka mlima, gia ya pili nusu ya safari, kogo ndani na magunia nyuma. Kwa hivyo toa. Tena usihesabu petroli ya chini kabisa, kwa sababu huko chini kuna uchafu, na gari likiinama mlimani pampu ya ndani inaweza kunyonya hewa. Toa tena.

"Sema mia nne," akamalizia. "Mia nne ndiyo ya kuamini."

"Mia nne ni wapi?"

"Nairobi, na urudi mpaka Narok."

"Basi simu inasema Voi, na wewe unasema Narok."

"Simu inasema kile tangi inabeba. Mimi nasema kile gari yenu inaweza." Akanitazama. "Kwani unataka kwenda wapi?"

"Longisa," nikasema. Ilikuwa kweli.

Toka siku hiyo nikawa mwangalifu. Kwenda kituo cha kupimia majani nilitembea, kama nilivyotembea kila siku. Sokoni nilitembea. Kanisani nilimwambia kogo hewa ya asubuhi ni nzuri kwa magoti. Akaniuliza hewa ya asubuhi na magoti yake wamejuana lini. Kuna mlima wa kushuka mtoni ambao mume wangu alikuwa akiuteremka gia ikiwa nyutro ili kubana mafuta. Nami nikajaribu, mpaka binti yangu alipokuwa ndani siku moja akanipigia kelele kwamba injini isiposhika gari, breki peke yake zitachoka, na kwamba hataki kuwa yatima kamili kwa ajili ya vijiko viwili vya petroli. Nikaacha.

Lakini gari kwenye kijiji si la mtu mmoja. Hilo nililijua tangu liliponunuliwa. Jirani yangu wa upande wa juu, mwanamke ambaye mimi naye tuliolewa kijijini hapa karibu mwaka uleule, alikuwa na mama yake amelazwa Kaplong. Alikuja asubuhi moja na leso kichwani na kijana wa kuendesha nyuma yake.

"Mama, nimekuja kukusumbua."

"Hunisumbui. Funguo ziko juu ya kabati."

"Nitaweka mafuta."

"Usiweke."

"Nitaweka tu kidogo."

"Nimesema usiweke. Yako ya kutosha. Tafadhali."

Akanishukuru sana, akaniita mtu wa Mungu, akaenda. Nilisimama getini nikitazama petroli ya mume wangu ikipanda mlima bila mimi. Ningemwambia nini? Siwezi kumwambia mtu mwenye mgonjwa kwamba kile kilicho ndani ya tangi si mafuta, ni mume. Na kumwacha aweke yake yachanganyike sikutaka. Kwa hivyo nikawa nikimwambia kila aliyekuja, kwa sauti ile ile: usiongeze, yako ya kutosha. Nilimwambia mwenyekiti wa kwaya. Nilimwambia mwalimu aliyekuwa akihamisha vitanda. Nilimwambia shemeji yangu, yule ndugu ya mume wangu, aliyelitumia kupeleka ndama kwa daktari wa mifugo na kulirudisha likinuka mpaka leo.

"Shemeji, hata mimi nisiweke?" aliuliza.

"Hata wewe."

"Umepata kisima cha petroli hapo nyuma ya choo?"

"Usiweke tu."

"Sawa, sawa. Sijakataa baraka."

Hesabu ndogo ya kilomita ikawa inapanda. Nilikuwa nikiitazama kila gari liliporudi, kama mtu anavyochungulia sufuria ya wageni wengi. Mia mbili. Mia tatu. Mwezi wa saba ikapita mia nne ya binti yangu, na gari likaendelea kuwaka asubuhi, likikohoa kama kawaida yake. Nikampigia simu.

"Limepita mia nne," nikasema.

"Umeongeza?"

"Sijaongeza hata tone."

"Basi baba alijua kuendesha kuliko mimi kujua hesabu. Tumia, mama. Lakini uwe na jerikeni nyuma."

Likapita mia tano. Mimi ni mtu wa kawaida, siamini kila kinachosemwa, lakini nitasema ukweli kama ulivyokuwa. Nilianza kuamini. Jumapili moja mhubiri alisimulia habari za mjane ambaye mafuta yake hayakuisha, nami nikatazama chini ili mtu asione uso wangu. Usiku nililala vizuri kwa mara ya kwanza. Nilianza hata kumsalimia mume wangu nilipowasha gari, si kwa sauti, kwa kichwa tu, kama unavyomsalimia mtu aliye ng'ambo ya barabara.

Siku ya koito ikafika. Kijana wetu na wazee walitangulia katika gari la kukodi. Mimi nilibeba waliobaki. Shemeji alikaa mbele, amevaa koti zito na ile kofia ambayo mume wangu aliinunua na hakuivaa. Nilimpa mwenyewe. Nyuma alikaa kogo katikati, kibuyu cha mursik mapajani, yaani maziwa yetu ya kugandishwa, amekikumbatia kama mtoto. Upande mmoja binti yangu, upande wa pili yule jirani yangu, ambaye mama yake alikuwa amepona na alitaka tufurahi pamoja. Jerikeni sikubeba. Nilisema nimesahau. Sikuwa nimesahau.

Tulikwenda vizuri. Asubuhi ilikuwa nzuri, chai imekatwa sawasawa pande zote mbili za barabara, wachumaji wamekwisha kuingia. Kaplong tulipita kila mmoja akitazama mahali pake. Baada ya hapo barabara ya Bomet inafunguka, chai inaanza kupungua, mahindi yanazidi. Shemeji alikuwa akifanya mazoezi ya hotuba yake kwa midomo. Kogo akamwambia aache kutafuna hewa.

Tulipopita Bomet binti yangu aliinama katikati ya viti akachungulia dashibodi.

"Mama."

"Nini?"

"Hiyo hesabu si kweli. Karibu mia sita na hamsini?"

"Ndiyo hiyo."

"Kutoka siku ya baba? Bila kuongeza?"

"Bila kuongeza."

"Mama, hii ni zaidi ya Voi. Hakuna lita hamsini ya kufanya hivyo na ndama ndani. Kihesabu tulikwama zamani. Saa hii tunasukumwa na malaika."

Nilikuwa karibu kusema. Nilikuwa karibu kuwaambia wote kwamba ni yeye, kwamba alijaza ili watu waende na kurudi, na bado tunakwenda. Ndipo jirani yangu alipocheka kule nyuma, kicheko cha mtu aliyeficha zawadi.

"Malaika gani? Mimi niliweka."

"Uliweka nini?" nikauliza.

"Petroli. Mara zote mbili nilipolichukua. Wewe ulikataa, nikasema huyu mama ana aibu nzuri, nikaweka tu nikanyamaza."

Shemeji akageuka na kofia yake. "Kwani wewe pia? Mimi niliweka baada ya ndama. Na tena ile siku niliyobeba mbolea."

"Nilikwambia usiweke!"

"Shemeji, na mtu akikwambia 'usijisumbue na chai', wewe hupiki?"

"Kwaya waliweka," kogo akasema kwa utulivu. "Mwalimu pia. Alikuja kuniambia, akasema nisikwambie." Akapigapiga kibuyu chake. "Ulitaka wafanyeje? Chombo cha mtu hakirudi kitupu."

Hilo ni kweli na nimelelewa nalo. Jirani akikuletea maziwa kwa kibuyu, kibuyu kitarudi na unga wa wimbi au sukari, hata kama ni kiasi cha kiganja. Akikataa, unaweka zaidi, kwa sababu aliyekataa ana adabu. Nilikuwa nimewakataza watu wote wa kijiji, kwa sauti yangu ya upole, na kila mmoja alisikia adabu akaenda moja kwa moja kwenye pampu. Ni mimi mwenyewe niliyewafanya wajaze.

Niliwasha taa ya kando, nikasimamisha gari penye mahindi. Nikasema nataka kutazama gurudumu. Nikatoka, nikainama karibu na gurudumu la nyuma ambalo halikuwa na shida yoyote, nikaweka mkono kwenye bati, karibu na kile kifuniko cha tangi. Lilikuwa na joto la safari. Hapo ndipo nililia. Haikuwa sauti kubwa, lakini ilikuwa sauti. Lori moja lilipita likanipigia honi.

Binti yangu alitoka akachutama kando yangu. Hakutazama gurudumu.

"Ulitaka iwe ya baba," akasema.

"Nilitaka atufikishe. Basi. Nilitaka hilo tu."

Akachora vumbini kwa kijiti, kama anavyofanya akihesabu. "Lakini haikuisha, mama. Sikiza. Kila mtu ameweka kabla haijaisha, ama gari ingezima. Wakiweka, inachanganyika na ile iliyobaki. Inayoungua ni mchanganyiko. Kwa hivyo ya baba inapungua kila mara, lakini kila mara inabaki kidogo. Kihesabu haiishi."

"Unanidanganya kwa sababu ninalia?"

"Nakudanganya na hesabu? Hesabu haina huruma."

Dirisha la nyuma lilikuwa wazi. Kogo, ambaye macho yake ni mabaya lakini masikio ni ya swala, alikuwa amesikia yote. Alimzaa yule mtu. Sikuwa nimefikiria kwamba naye huenda alikuwa na hesabu zake.

"Ni kama chai ya msiba," akasema. "Wageni wanakuja, unaongeza maji. Wengine wanakuja, unaongeza maziwa. Jioni unakunywa, na bado majani ni yale ya asubuhi."

"Hiyo chai sasa ni maji," shemeji akasema kutoka mbele.

"Wewe nyamaza, vaa kofia ya ndugu yako vizuri. Imeinama."

Jirani yangu alikuwa ameanza kuniomba msamaha, na nikamwambia aache, hakuna kosa. Nilijifuta uso kwa leso yake. Sijui kama hesabu ya binti yangu ni ya kweli mpaka mwisho. Tone la mwisho la tone, je, bado ni petroli ya mtu? Lakini wakwe walikuwa wakingoja, na mchanganyiko au si mchanganyiko, gari liliwaka mara ya kwanza bila kukohoa. Zamani wazee wa koito walikuwa wakirudi nyumbani ndege akilia upande mbaya. Hatukusikia ndege. Tulisikia shemeji akianza hotuba yake upya, sasa kwa sauti, na sisi wanne tukimsahihisha mpaka Longisa.

Koito ilikwenda vizuri. Shemeji alisimama na ile kofia, akasahau nusu ya alichokariri, akasema tu kwamba amekuja mahali pa mtu ambaye angesema maneno machache na mazuri, na kwamba yeye atajaribu yale machache. Wazee wa upande ule walipenda. Ng'ombe walikubaliwa. Tulipoaga, mama wa msichana alimrudishia kogo kibuyu chake, na kogo alipokipokea mikono yake ilishuka kidogo kwa uzito. Kilikuwa kimejaa wimbi mpaka shingoni. Akanitazama tu.

Wakati wa kurudi, jua likiwa bado juu ya vilima, nilisimama Kaplong kwenye kituo cha mafuta kilicho karibu na njia ya hospitali. Msichana wa pampu akaja dirishani.

"Ya ngapi, mama?"

"Jaza."

Pampu ikalia, ikaendelea kulia. Nilisikiliza mpaka ilipokata yenyewe. Shemeji alinyoosha shingo kusoma.

"Lita thelathini na saba. Sasa tunajua tangi ni ngapi?"

"Tunajua iliyoingia," binti yangu akasema. "Iliyokuwa ndani hatujui."

"Chuo kikuu hicho chote, na bado hatujui?"

"Mpaka ijazwe, itumike hadi iishe bila mtu kuongeza, ijazwe tena. Basi. Ni kitu rahisi sana kama watu wangetulia."

Nikanyoosha kidole nikabonyeza kile kidude. Namba zikarudi sufuri zote kwa pamoja, kwa mlio mdogo ambao nilikuwa nimeusikia mara moja tu.

"Sasa tutajua linafika wapi," nikasema.

Kogo alisema amina.

Asubuhi iliyofuata, kabla sijamaliza kukamua, mwenyekiti wa kwaya alikuwa getini. Wana mkutano Kabianga, vijana ni wengi, je, gari lipo? Nikamwambia funguo ziko juu ya kabati, na kwamba ndani kuna petroli ya kutosha. Nilimtazama vizuri usoni nilipokuwa nikisema. Akainamisha kichwa kwa heshima, akasema, "Asante mama, hatutaongeza," nami nikajua kwamba kwa hesabu ya binti yangu itabidi tuanze tena.

"Ongezeni tu," nikasema.

Jioni lilirudi likiwa na makapi ya miwa kwenye viti. Binti yangu alipiga simu kuuliza limefikisha kilomita ngapi. Nikamwambia linayo Kabianga na kurudi, na kitu kingine juu yake, mtu ameweka.